Mia ya Nini? Faida, Hasara na Hesabu ya Karafuu

Neno ushuru lilianza safari yake likiwa na maana moja tu, nayo ni sehemu ya kumi. Katika Kiarabu, ushuru ni fungu moja lililotolewa katika mafungu kumi yaliyo sawa. Lilipofika pwani na kuzoeleka vinywani mwa manahodha, makarani na madalali, likasahau hesabu yake ya mwanzo. Septemba 1833, Seyyid Said bin Sultan alipofunga mkataba wa biashara na Marekani ulioletwa Maskati na Edmund Roberts, kiwango kilichokubaliwa kilikuwa 5 katika kila 100 ya shehena itakayoteremshwa. Mkataba wa Uingereza wa 1839 na wa Ufaransa wa 1844 ikafuata njia hiyo hiyo. Watu wa forodhani hawakutafuta jina jipya. Nusu ya kumi ikaitwa kumi nzima, na hakuna aliyeona ajabu.

Jina si hoja kubwa. Hoja ni ile tano yenyewe. Tano katika mia, lakini mia ya nini? Na ichukuliwe robota ya merikani, ile nguo ya pamba iliyokuja na majahazi ya Salem. Tuseme huko ilikotoka ilinunuliwa kwa riale 80, na sokoni Unguja inauzwa kwa 100. Ushuru ukihesabiwa juu ya bei ya kununulia ni riale 4. Ukihesabiwa juu ya bei ya soko la hapa ni riale 5. Kiwango ni kile kile, mkataba ni ule ule, na bado kuna riale moja inayotafuta mwenyewe. Katika robota moja riale moja ni kitu kidogo. Katika shehena ya robota 300, ni riale 300.

Na forodha yenyewe ilikuwa imekodishwa. Nyumba ya biashara ya Jairam Shivji, Bhatia mwenye asili ya Kutch, ilikuwa ikimlipa Sultani kiasi maalumu cha riale kwa mwaka, kisha ikajichukulia kila kilichopatikana zaidi ya hapo. Kwa hiyo Sultani alikwisha kujua pato lake kabla ya msimu wa kaskazi kuanza, na ile 5 katika 100 ikawa ni shughuli ya mkodishaji. Kila alipopanda thamani ya robota, faida ilikuwa yake. Kila chombo kilichopotea njiani na ushuru wake, hasara ilikuwa yake. Wanahistoria wamezoea kueleza mfumo huu kama udhaifu wa dola. Huenda ni kweli, ila lau mtu ataupima kwa kalamu ya mfanyabiashara, Sultani alikuwa ameuza mashaka yake kwa bei inayojulikana. Si kila mtawala aliyefika hapo.

Ni makosa basi kudhani kwamba hesabu ya faida na hasara kwa asilimia ililetwa visiwani na ubao wa chaki wa shule ya serikali. Kilicholetwa na ubao ni namna moja ya kuiandika. Hesabu yenyewe ilikuwapo, na ilikuwapo kwa njia mbili au tatu zilizokuwa zikipishana sokoni bila kuamkiana.

Njia ya kwanza ilikuwa ya sehemu. Mia haikuwa rahisi kuishika katika nchi ambayo rupia yake, kwa kanuni, ilikuwa na ana 16 na pesa 64. Sehemu ya kumi ya rupia ni pesa 6 na vipande visivyo na sarafu. Lakini nusu ni pesa 32, robo ni 16, thumuni ni 8, na nusu ya thumuni ni 4. Aliyesema anapata pesa 8 katika rupia alikuwa akisema, kwa lugha ya leo, faida ya asilimia 12 na nusu, na hakuhitaji kalamu wala karatasi. Wapenzi wa mashairi hawatakosa kuona jambo hapa. Ubeti wa shairi la mishororo minne, kila mshororo na mizani 16, una mizani 64. Mshororo ni robo, kipande ni thumuni. Ubeti mzima una uzito wa rupia moja. Hili ni sadfa tu, wala halithibitishi chochote, ila sikio lililozoea kugawa 64 kwa nusu na nusu ya nusu halikuwa geni kwa hesabu ya dukani.

Njia ya pili ililetwa na wafanyabiashara wa Gujarat na Kutch pamoja na daftari zao. Bara Hindi ilikuwa na kanuni ya mambo matatu tangu zama za Brahmagupta, aliyeandika 628, na Bhaskara akaifundisha tena 1150 katika Lilavati, kitabu cha hesabu kilichotungwa chote kwa beti. Kanuni ni hii: vitu vitatu vikijulikana, cha nne hakiwezi kujificha. Frasila 5 zikiuzwa riale 12, frasila 20 ni ngapi? Zidisha, gawa, jibu ni 48. Mia ikiwekwa mahali pa frasila, kanuni hiyo hiyo inatoa asilimia: mtaji wa 40 ukileta faida ya 6, mtaji wa 100 utaleta ngapi? Utaleta 15. Al-Khwarizmi naye, Baghdad, mwanzoni mwa karne ya 9, aliweka mlango mzima wa miamala katika kitabu chake cha aljebra, na akasema kwamba mapatano yote ya watu, ya kuuza, kununua na kukodi, yamesimama juu ya hesabu nne, tatu zikiwa wazi na moja ikitafutwa. Mhindi na Mwarabu waliokaa baraza moja mjini Unguja walikuwa na kanuni moja, kila mmoja akidhani ni ya kwao.

Njia ya tatu ndiyo yenye utajiri zaidi, na ndiyo iliyosahauliwa zaidi na wanaoandika historia ya elimu ya hapa. Ilikuwa misikitini.

Wanafunzi wa fikihi ya Kishafii, kutoka Lamu hadi Ngazija, walisoma Minhaj ya Imamu Nawawi aliyefariki 1277. Kitabu hiki ndicho kilichotegemewa na makadhi wa Kishafii pia, wakati ule wa kina Sayyid Ahmad bin Sumait (1861–1925), aliyekuwa kadhi Unguja. Katika mlango wa mauzo mna sehemu fupi inayohusu namna ya kuuza inayoitwa murabaha: muuzaji anamfunulia mnunuzi bei aliyonunulia, kisha wanakubaliana faida juu yake. Hapo ndipo linapoingia neno la Kiajemi lililobebwa na wanachuoni wa Kiarabu bila kubadilishwa, dah yazdah, yaani kumi kwa kumi na moja. Maana yake kila kumi ya rasilimali iuzwe kwa kumi na moja. Bidhaa iliyonunuliwa kwa 100 itauzwa kwa 110. Hii ni faida ya asilimia 10 juu ya bei ya kununulia, na hata mtoto wa shule ya leo angeikubali bila swali.

Swali linakuja upande wa pili. Kuna mauzo ya hasara pia, muhatta, ambapo mwenye mali, kwa dhiki au kwa haraka, anakubali kushusha chini ya bei aliyonunulia. Akisema nakuuzia kwa niliyonunulia pamoja na punguzo la dah yazdah, apunguze nini? Minhaj inataja kauli mbili. Iliyo na nguvu inasema ipunguzwe moja katika kila kumi na moja. Ya pili, iliyo dhaifu, inasema moja katika kila kumi. Kwa mali ya 100, kauli ya pili inatoa bei ya 90 kamili, na kauli ya kwanza inatoa 90 na sehemu kumi za kumi na moja za dirhamu.

Msomaji wa haraka atasema huku ni kupasua nywele. Na airejee hesabu tena kwa mali ya 110. Kauli yenye nguvu inaishusha hadi 100. Yaani punguzo la dah yazdah linatengua faida ya dah yazdah sawasawa, kama mlango unaofungwa kwa ufunguo ule ule ulioufungua. Kumi ikipanda kuwa kumi na moja, basi kumi na moja ishuke kuwa kumi. Kauli dhaifu inashusha 110 hadi 99, na dirhamu moja imepotea katikati bila mtu kuichukua. Mafakihi walikuwa wameona jambo ambalo hadi leo linawaangusha watahiniwa: ongezeko la 10 kwa 100 na punguzo la 10 kwa 100 havirudishi mtu alipokuwa, kwa sababu mia ya pili si mia ya kwanza.

Kitabu hakikuishia hapo. Kilieleza pia nini kinaingia katika rasilimali. Muuzaji akisema nakuuzia kwa niliyonunulia, basi ni ile bei tu aliyomlipa mwenzake. Akisema nakuuzia kwa ilivyonigharimu, hapo huingia ujira wa mpimaji, wa dalali, wa mlinzi, wa mpaka rangi, na gharama nyingine zinazokusudiwa katika biashara. Lakini ikiwa mwenyewe ndiye aliyepima, mwenyewe ndiye aliyebeba, ujira wa mikono yake hauingii. Na akidanganya? Akisema alinunua kwa 100, ikabainika ni 90, basi kauli yenye nguvu ni kwamba ziada huondoshwa pamoja na faida yake. Aliyekwisha kulipa 110 kwa dah yazdah anarudishiwa 10 za uongo na 1 ya faida iliyojengwa juu ya uongo. Bei inasimama 99. Vitabu vingi vya hesabu vya shule havina swali zuri kama hili.

Rasilimali yenyewe ni neno la kuangaliwa. Limetoka katika Kiarabu, kichwa cha mali, na katika mlango huu wa murabaha ndicho kichwa kinachohesabiwa faida na hasara. Ukilisikiliza nalo neno asilimia, mia imo, na asili nayo imo. Kiswahili kimebeba jibu la swali la mia ya nini ndani ya msamiati wake, kisha wasemaji wake wakaliacha huko.

Karafuu ndizo zilizoilazimisha hesabu hii itoke msikitini na sokoni ikaingia katika kila kitongoji. Miti ililetwa Unguja katika miaka ya 1810, ikaenea kwa nguvu katika miaka ya 1830 wakati bei ilipokuwa ya kulewesha, na bei hiyo ikaporomoka kabla ya 1850 kwa sababu kila mwenye ardhi na watumwa alikuwa amepanda. Karafuu hailipi haraka. Mche unataka miaka sita, saba au zaidi ndipo utoe cha maana, na aliyepanda kwa bei ya leo huvuna kwa bei asiyoijua. Tena inadanganya kwenye mizani, kwani karafuu mbichi ikianikwa kwenye majamvi hupoteza takriban theluthi mbili za uzito wake. Mwenye frasila 12 mbichi ana frasila 4.

Na ichukuliwe mchuuzi mmoja wa mfano. Amenunua frasila 12 mbichi kwa rupia 2 kila moja, jumla rupia 24. Amelipa rupia 3 za kuchambua makonyo, kuanika na hamali. Frasila 4 kavu zimemsimamia kwa rupia 27. Anaziuza kwa rupia 9 frasila, anapata 36. Faida yake ni rupia 9. Jirani mmoja akisema amepata theluthi, na mwingine akisema amepata robo, wote wawili ni wakweli. Tisa ni theluthi ya 27 na ni robo ya 36. Asilimia 33 na theluthi kwa mtaji, asilimia 25 kwa mauzo. Aliyezoea dah yazdah ataona hapa sura ile ile: moja juu ya tatu ndiyo moja katika nne, kama vile moja juu ya kumi ndiyo moja katika kumi na moja. Ni kanuni ya jumla, wala haihitaji kukaririwa. Inatosha kuuliza mia imewekwa wapi.

Mchuuzi huyu angetaka kuonekana maskini mbele ya mtoza kodi, angesema 25. Angetaka kumvutia mtu amkopeshe, angesema 33. Hajasema uongo hata mara moja.

Palipokuwa na deni, hesabu ilibadilika ikawa nzito. Sheria ya Kiislamu imeharimisha riba, na asilimia ya mwaka juu ya mkopo haikuweza kuandikwa mbele ya kadhi. Ikaandikwa namna nyingine. Bei khiyari, mauzo yenye haki ya kukomboa, ilikuwa maarufu Oman na ikawa maarufu Unguja na Pemba. Mwenye shamba anaandika kwamba ameliuza kwa mwenye fedha, naye ana khiyari ya kulirejesha akilipa bei ile ile katika muda maalumu. Wakati huo huo anabaki shambani kama mpangaji, akilipa kodi. Karatasi haikutaja asilimia popote.

Na ifanywe hesabu. Shamba limeuzwa hivyo kwa riale 600, kodi ni riale 90 kwa mwaka. Tisini katika mia sita ni 15 katika 100, na hiyo ndiyo riba iliyovaa kanzu ya kodi. Baada ya miaka mitatu mwenye shamba amekwisha kutoa riale 270 na bado anadaiwa 600 zote. Hilo lilikuwa wazi kwa kila mtu. Ambalo halikuwa wazi ni kwamba mia ya mwenye fedha ilikuwa imefungwa na mia ya mwenye shamba ilikuwa ikielea. Shamba likitoa frasila 60 kwa riale 4, mavuno ni 240, na kodi ya 90 inakula asilimia 37 na nusu. Bei ikishuka hadi riale 2, mavuno ni 120, na kodi ile ile ya 90 inakula asilimia 75. Mwenye fedha hakupandisha hata pesa moja. Bei imeanguka nusu, na mzigo umeongezeka mara mbili. Ili mwenye shamba arudi alipokuwa, bei lazima ipande, si kwa asilimia 50 iliyoshuka, bali kwa asilimia 100. Minhaj ilikuwa rafuni wakati wote huo.

Kimbunga cha Aprili 1872 kiliangusha sehemu kubwa ya mikarafuu ya Unguja na kuiacha Pemba karibu salama. Bei ikapanda, kama inavyotarajiwa bidhaa inapoadimika, na wenye mashamba ya Pemba wakapata faida kubwa juu ya mtaji ule ule. Wa Unguja walipanda upya kwa fedha za watu. Kuanzia hapo Pemba ikawa ndiyo kisiwa cha karafuu, na Unguja ikabaki na bandari, makarani na madaftari. Uingereza ilipotangaza himaya yake 1890 ilikuta ushuru wa karafuu ukiwa tegemeo la hazina, na kwa miaka mingi ulikuwa asilimia 25 ya thamani. Uliwahi kutolewa kwa karafuu zenyewe, gunia moja katika kila manne, na pengine hiyo ndiyo njia ya haki kuliko zote, kwa kuwa gunia halibishani juu ya bei ya kununulia na bei ya kuuzia. Mchukua robo akichukua gunia lenye unyevu, amechukua na unyevu wake.

Kufikia miaka ya 1930, bei ikiwa imeanguka pamoja na biashara ya dunia, madeni ya wenye mashamba kwa wakopeshaji wa Kihindi yalikuwa yamegeuka kuwa jambo la siasa. Mwaka 1934 serikali ilipiga amri za kuzuia ardhi isitoke mikononi mwa Waarabu na Waafrika kwa sababu ya deni, na ikaanzisha Chama cha Wakulima wa Karafuu. Amri ya 1937 ilikipa chama hicho nguvu juu ya ununuzi wa karafuu. Wafanyabiashara wa Kihindi wakagoma, na India, soko kubwa la karafuu zama hizo, ikasusa karafuu za Zanzibar hadi suluhu ya 1938. Ugomvi huu umeandikwa sana kama ugomvi wa makabila. Ulikuwa pia ugomvi wa nani ataikalia nafasi iliyo kati ya bei ya kununulia na bei ya kuuzia, na mia ya nani itakuwa ndiyo mia.

Ni katika miaka hiyo hiyo ambapo sarafu na shule zilikuja kukutana. Sarafu za senti zilipigwa 1908, rupia ikigawanywa kwa 100. Januari 1936 rupia ikaondoka, ikaingia shilingi ya Afrika Mashariki, rupia moja kwa shilingi moja na nusu. Pesa 64 zikazikwa. Sasa asilimia 10 ya shilingi ilikuwa senti 10, na mtoto aliyejua kusoma sarafu alikuwa amekwisha kujua asilimia. Ubao ukaandika kanuni: toa bei ya kununulia katika bei ya kuuzia, gawa kwa bei ya kununulia, zidisha kwa 100. Bei ya kuuzia ikiwa ndogo, jibu ni hasara. Hiyo tu.

Kanuni ni sahihi na haina kosa. Ila imefundishwa kama amri, bila kuelezwa kwamba kugawa kwa bei ya kununulia ni mapatano, na kwamba mhasibu wa duka kubwa, kwa haki kabisa, anagawa kwa bei ya kuuzia. Ndiyo maana swali moja la mtihani limekuwa likirudi kila kizazi na kuangusha watu wale wale. Mfanyabiashara ameuza magunia mawili, kila moja kwa shilingi 240. La kwanza amepata faida ya asilimia 20, la pili amepata hasara ya asilimia 20. Kwa jumla amepata nini? Wengi hujibu kwamba hakupata wala hakupoteza. Gunia la kwanza alilinunua kwa 200, la pili kwa 300. Ametoa 500, ameingiza 480. Amepoteza shilingi 20, ambazo ni asilimia 4. Ishirini ya kupanda ilipimwa kwenye 200 na ishirini ya kushuka ilipimwa kwenye 300. Mwalimu anayesema kumbukeni kanuni amewasaidia wanafunzi kupita mtihani. Anayeuliza mia ya nini amewasaidia kwenda sokoni.

Baada ya Mapinduzi ya 1964 nafasi ile ya katikati ilichukuliwa na serikali. Shirika la Biashara la Taifa la Zanzibar, lililoanzishwa 1968, likawa mnunuzi pekee wa karafuu na muuzaji pekee wa nje. Kwa miaka mingi bei aliyolipwa mkulima ilikuwa sehemu ndogo ya bei ambayo shirika liliuzia, na tofauti ikaenda katika hazina. Ilijenga vitu vinavyoonekana, majumba na shule, na haifai kusahauliwa. Lakini mkulima wa Pemba aliyekuwa akiitazama Mombasa ng'ambo ya maji alikuwa na hesabu yake mwenyewe, na magendo ya usiku yalikuwa jibu lake. Ashikwe mara moja katika safari nne, apoteze mzigo mzima, na bado huenda faida ya safari tatu ikamtosha. Kisha katika miaka ya 1980 Indonesia, iliyokuwa mnunuzi mkubwa kwa ajili ya sigara zake za kretek, ikaanza kujitosheleza kwa karafuu zake, na bei ya dunia ikaanguka chini ya miguu ya shirika na mkulima pamoja.

Katika muongo wa 2010 serikali ilitangaza sera ya kumlipa mkulima asilimia 80 ya bei ya soko la nje. Kwa waliokumbuka miaka ya nyuma lilikuwa badiliko kubwa, na magendo yakapoteza sababu yake. Mia hapa ni bei ya kuuzia nje. Karafuu ikiuzwa nje kwa 100, mkulima ana 80 na shirika lina 20. Ukiiweka mia kwenye bei ya kununulia, shirika linapata 20 juu ya 80, yaani asilimia 25, na ndani ya hiyo limo gunia, ghala, meli na mishahara. Sura zote mbili ni za kweli, kama ilivyokuwa kwa yule mchuuzi wa rupia 9.

Upande wa mkulima kuna hesabu ya tatu. Na ichukuliwe kwamba katika zile 80, analipa 40 kwa wachumaji, wanaolipwa kwa pishi, pamoja na majamvi na gari la kupeleka kituoni. Zinabaki 40. Bei ya nje ikishuka kutoka 100 hadi 75, asilimia 80 inabaki asilimia 80, naye anapokea 60. Mchumaji hapunguziwi pishi, maana mti ni ule ule na hatari ya kupanda ni ile ile. Zinabaki 20. Bei imeshuka kwa robo, kilichobaki mkononi mwake kimeshuka kwa nusu.

Na katika zile 40 za gharama hamna siku alizopalilia yeye mwenyewe, wala usiku ambao mkewe na watoto walikaa ukumbini kuchambua makonyo, wala mbio za kuanua majamvi mvua ilipotishia. Kwa mujibu wa mlango ule wa murabaha, ujira wa mikono ya mwenye mali hauingii katika rasilimali, isipokuwa autaje kwa mnunuzi waziwazi. Kituo cha ununuzi kinapima uzito, kinakagua ukavu, kinapanga daraja, kinaandika stakabadhi. Mahali pa kuutaja hapakuwekwa.